Fredi Washington: Mwigizaji Aliyenyimwa Mpenzi

Filamu za Fredi Washington mtu anaweza kuzimaliza zote mwishoni mwa wiki moja. Ya kwanza ya maana ni ya mwaka 1929, ya mwisho ni ya 1937. Ukihesabu zote, filamu ndefu ni nne, na zilizobaki ni vifilamu vichache vya muziki. Mwenyewe aliishi hadi 1994, akafariki akiwa na umri wa miaka 90. Kwa zaidi ya nusu karne hakuna studio ya Hollywood iliyomtafutia nafasi nyingine mbele ya kamera, na hali mwaka 1934 alikuwa amewaliza watazamaji wa Marekani.

Kwa nini? Jibu linalorudiwa kila anapotajwa ni la sentensi moja: alikuwa mweupe mno kupewa sehemu za watumishi wa ndani, na kwa kuwa kisheria alihesabiwa Mweusi, hakuweza kupewa sehemu za mabibi wenye nyumba. Jibu hilo lina ukweli wake, ila linaacha mambo mawili bila maelezo. Halielezi kwa nini Nina Mae McKinney, msichana wa rangi ya maji ya kunde aliyetangulia kung'ara kabla yake, naye alikwama palepale. Wala halielezi kwa nini studio hizohizo, zaidi ya miaka kumi baadaye, zilianza kutengeneza filamu kubwa kuhusu wanawake Weusi wenye sura ya Kizungu. Kama tatizo lingekuwa ngozi ya Fredi peke yake, hapo ndipo waigizaji wa aina yake wangetafutwa kwa tochi. Hawakutafutwa.

Ninavyoona mimi, ufunguo uko kwenye mapenzi. Hollywood ya miaka ya 1930 ilimjenga mwigizaji wa kike kwa njia moja kuu: ilimtafutia mwanamume wa kupendana naye, ikauza hadithi yao, kisha ikamtafutia mwingine. Chukua mwaka huohuo wa 1934. Claudette Colbert, nyota wa Imitation of Life, filamu iliyompa Fredi jina, alionekana mwaka ule katika filamu tatu zilizoteuliwa kushindania Oscar ya filamu bora. Moja alikuwa na Clark Gable, nyingine alikuwa Cleopatra akiwapagawisha Warumi, na ya tatu ni hii aliyocheza na Fredi, ambamo pia ana mchumba. Tuzo ya mwigizaji bora wa kike aliipata kwa ile ya Gable. Fredi hakuwahi kupewa mpenzi wa namna hiyo hata mara moja katika filamu ya studio kubwa, na mwigizaji kijana wa kike asiyeruhusiwa kupendwa kwenye skrini hakuwa na cha kuuzia jina lake. Filamu zake, ukizipanga kwa mfuatano, zinaonyesha jambo hilo waziwazi kuliko waraka wowote wa studio.

Alizaliwa Savannah, Georgia, tarehe 23 Desemba 1903, akaitwa Fredericka Carolyn Washington. Baba yake alikuwa mfanyakazi wa posta, mama yake alikuwa mchezaji dansi. Mama alipofariki, Fredi akiwa bado mtoto, yeye na mdogo wake Isabel walipelekwa Pennsylvania katika shule ya masista iliyopokea wasichana Weusi na Wahindi Wekundu. Baadaye akahamia Harlem kwa bibi yake. Huko alifanya kazi ya ofisini katika kampuni ya Black Swan, kampuni ya santuri iliyoanzishwa na Mmarekani Mweusi Harry Pace mwaka 1921, na ni katika kazi hiyo alipopata habari kwamba Shuffle Along, tamthilia ya muziki iliyokuwa gumzo la New York, inatafuta wasichana wa kucheza. Alichukuliwa. Miongoni mwa wenzake jukwaani alikuwamo Josephine Baker, ambaye Paris ilikuja kumfanya malkia.

Mwaka 1926 alipewa sehemu kubwa Broadway katika tamthilia Black Boy, akiigiza na mwigizaji Mweusi mashuhuri, Paul Robeson. Kisha akazunguka Ulaya na mchezaji dansi Al Moiret. Ninayataja haya kwa sababu wapo wanaomchukulia kama msichana aliyeokotwa na kamera. Alipofika mbele ya kamera alikuwa na miaka 25, na jukwaa lilikuwa limeshamfundisha kazi.

Filamu hiyo ya kwanza ni Black and Tan, ya dakika zisizofika 20, iliyoongozwa na Dudley Murphy, na nyota wake ni mpiga piano Duke Ellington. Wanaume wawili wanakuja kuchukua piano ya Ellington kwa sababu hajalipa deni lake. Fredi anaingia, anawapa chupa ya jini, nao wanakubali kuondoka na kusema hawakumkuta mtu nyumbani. Ni kichekesho kidogo, lakini mtazame yeye: hapayuki, hajichekeshi, anakaa katika chumba kile kama mtu mwenye akili timamu kati ya watu wanaofanya utani. Baadaye anacheza dansi katika klabu yenye sakafu ya vioo, na moyo wake ni mgonjwa. Anaanguka, anafariki wakati bendi inampigia wimbo alioutaka. Hapo mapenzi yapo, kati yake na Ellington, ya kimyakimya na ya heshima. Ila yanaishia kitandani pa mauti, na ni filamu fupi ya muziki, iliyo nje ya biashara kuu ya studio.

Miaka minne baadaye Murphy alimwita tena kwa The Emperor Jones, iliyotokana na tamthilia ya Eugene O'Neill na kutengenezwa New York na watayarishaji wa kujitegemea. Nyota alikuwa tena Robeson. Fredi ni Undine, mwanamke wa Harlem ambaye Brutus Jones anamchukua kisha anamwacha. Kamera ilipiga, picha zikasafishwa, zikatazamwa, na hofu ikazuka: kwenye filamu ya rangi nyeusi na nyeupe, Fredi alionekana Mzungu, na Robeson, mwanamume Mweusi wa kimo kikubwa, alionekana amemkumbatia mwanamke Mzungu. Ofisi ya Will Hays, iliyosimamia maadili ya sinema kwa niaba ya studio, haikutaka picha hiyo. Ilibidi Fredi apakwe vipodozi vya kumtia weusi na sehemu zile zipigwe upya. Kila siku ya kazi alipakwa rangi ili afanane na watu wa kabila lake mwenyewe, na jioni akanawa.

Tukio hili kwa kawaida husimuliwa kama kituko cha pembeni. Mimi naliona ndilo jambo lenyewe. Hapa palikuwa na mwanamume Mweusi mwenye jina kubwa kuliko wote wa zama zake na mwanamke Mweusi anayelingana naye, na hakuna sheria wala kanuni iliyokataza Weusi wawili kupendana kwenye skrini. Hata hivyo njia hiyo nayo ilifungwa, kwa kuwa mtazamaji wa Alabama angeweza kukosea. Na wanaume Weusi waliopewa nafasi ya kuongoza filamu walikuwa wa kuhesabu kwa vidole vya mkono mmoja.

Upande wa pili, wa mwanamume Mzungu, ulifungwa kwa maandishi. Kanuni ya maadili ambayo studio zilijitungia mwaka 1930 ilipiga marufuku kuonyesha uhusiano wa kimapenzi kati ya Weupe na Weusi. Kwa miaka minne kanuni hiyo ilikuwa haina meno. Julai 1934 ikapata meno, pale Joseph Breen alipokabidhiwa ofisi yenye uwezo wa kuinyima filamu kibali, na studio itakayoitoa bila kibali ingetozwa faini ya dola 25,000. Universal walikuwa wakitayarisha Imitation of Life katika miezi hiyohiyo. Fredi Washington alifikia sehemu kubwa kuliko zote za maisha yake mwaka uleule mlango ulipopigwa kufuli.

Imitation of Life inatokana na riwaya ya Fannie Hurst ya 1933, na mwongozaji wake ni John M. Stahl. Bea, mjane Mzungu anayeigizwa na Colbert, anampokea nyumbani kwake Delilah, mjane Mweusi anayeigizwa na Louise Beavers. Kila mmoja ana binti. Delilah ana siri ya kupika chapati za maji alizorithi kwa wazee wake. Bea anafungua mkahawa, kisha kiwanda cha unga wa chapati hizo, picha ya Delilah ikiwa kwenye boksi. Wanatajirika. Delilah anaambiwa atapata asilimia 20 ya kampuni na anaweza kununua nyumba yake, naye anakataa, anataka aendelee kumtumikia Bea. Binti yake, Peola, ni mweupe wa kuweza kupita kokote kama Mzungu, na anataka kupita. Huyo ndiye Fredi.

Breen aliposoma mswada alishtuka. Kwake Peola mwenyewe, kwa sura yake tu, alikuwa ushahidi kwamba mahali fulani damu mbili zilikutana, na kwa hiyo hadithi nzima ilikuwa inavunja kanuni. Mswada ule pia ulikuwa na tukio la kijana Mweusi kunusurika kuuawa na kundi la Wazungu kwa kisingizio cha mwanamke Mzungu. Tukio hilo liliondolewa. Suala la damu lilitatuliwa kwa sentensi moja ya Delilah: baba wa mtoto alikuwa Mweusi pia, ila mweupe wa ngozi. Lakini kilichoondolewa kingine ndicho ninachotaka msomaji akikamate. Katika riwaya, Peola anaolewa. Anampata mwanamume Mzungu, anamficha asili yake, anafanyiwa upasuaji asizae kamwe, na wanahamia Bolivia. Katika filamu hana mume, hana mchumba, hana hata kijana wa kumsalimia barabarani. Jessie, binti wa Bea, anampenda mchumba wa mama yake na hilo linachukua sehemu nzima ya mwisho ya filamu. Peola, mwenye umri uleule na uzuri usiopungua, hapendi mtu wala hapendwi na mtu ila mama yake.

Kwa hiyo anachokitaka Peola kinabaki kitupu. Tunaambiwa anataka kuwa Mzungu, lakini filamu haithubutu kuonyesha Uzungu ule ungempa nini: kazi gani, nyumba gani, mwanamume gani. Kazi pekee tunayomwona nayo ni ya kupokea pesa kwenye mgahawa, ambako mama yake anamfuata na yeye anamkana mbele ya wateja. Mwigizaji dhaifu angeangukia hapo, akamwacha Peola awe binti mwenye kiburi na asiyeshukuru, jambo ambalo mswada unakaribia kulisema. Fredi anakataa.

Tazama usiku wa sherehe. Bea ana nyumba ya kifahari New York. Yeye na wageni wake wako juu, Delilah na binti yake wako chini, kwenye makazi yao. Muziki unashuka kutoka juu. Peola amevaa vizuri, hana pa kwenda. Delilah anambembeleza kwa maneno matamu, na Fredi anasimama mbele ya kioo, anajiuliza kama yule anayemwona si msichana mweupe. Hapandishi sauti ya kilio. Anauliza kama mtu aliyefanya hesabu mara nyingi na kila mara jibu linakuja lilelile, na dunia inakataa kulisahihisha. Uso wake una hasira kavu ya mtu mzima, na hasira hiyo haielekezwi kwa mama. Wakati Beavers anamshika, mikono ya Fredi inalegea. Anamwonea huruma mwanamke huyu asiyeweza kumwelewa. Umri wa waigizaji hao wawili ulikaribia kulingana, na hakuna dakika moja mtu anakumbuka hilo.

Nimeitazama sehemu hiyo mara nyingi, na kila mara ninaona mtu anayeigiza filamu tofauti na inayotengenezwa karibu naye, iliyo bora zaidi. Mswada unasema Peola anaionea aibu damu yake. Fredi anaigiza mtu anayeonea hasira ngazi zile zinazogawa nyumba moja kuwa mbili. Mshairi na mhakiki Sterling Brown aliishambulia filamu hiyo vikali mwaka 1935 kwa namna ilivyowachora Delilah na Peola, na alikuwa na haki. Kuhusu mswada, hoja zake ni za kweli. Lakini uso wa Fredi ni hoja nyingine, na nadhani ndio uliowafanya watu wengi waondoke ukumbini wakiwa wamevurugikiwa.

Filamu ilifanya vizuri sokoni na ikateuliwa kushindania Oscar ya filamu bora. Louise Beavers, ambaye magazeti yalimsifu, hakuteuliwa, na wakati huo tuzo za waigizaji wasaidizi zilikuwa bado hazijaanzishwa. Hata hivyo Beavers alipata kazi: kwa miaka iliyofuata aliigiza katika filamu nyingi, jumla yake ikazidi 100, takriban zote akiwa mpishi, yaya au mtumishi. Kwa Mwafrika-Mmarekani mwanamke, sehemu ya utumishi ndiyo iliyokuwa na mshahara wa kudumu, kwa sababu haikuhitaji mpenzi. Mtumishi huingia, hufungua mlango, hutoa ushauri, hutoka. Kanuni ya Breen haikuwa na ugomvi naye.

Fredi naye alipata sifa, na pamoja nazo mzigo. Watazamaji wengi Weusi waliamini kwamba Peola ndiye yeye, kwamba anaikana asili yake nje ya skrini kama ndani yake. Ilimbidi ajieleze kwenye magazeti kwa miaka mingi. Alisema wazi kwamba haoni sababu ya mtu kudanganya kuhusu asili yake, na kwamba kujificha kungekuwa kukubaliana na wanaosema kuwa Mweusi ni kuwa duni. Husimuliwa pia kwamba alipokuwa akisafiri kusini na wanamuziki wa Ellington, ambao mmoja wao, mpiga tromboni Lawrence Brown, alikuwa mumewe, alikuwa akiingia kwenye maduka ya Wazungu kuwanunulia wenzake aiskrimu kwa kuwa wao wasingehudumiwa, kisha anatoka nayo na kuwagawia hadharani. Sura yake aliitumia kuwalisha watu wake.

Wapo wanaosema lawama za watazamaji Weusi ndizo zilizomwangusha. Siamini. Zilimuumiza, ndiyo, lakini watazamaji hao hawakuwa na mamlaka ya kuandika mikataba. Waliokuwa nayo walikuwa wakiangalia soko la kusini, ambako wenye kumbi na bodi za ukaguzi za miji walikuwa na nguvu ya kukata au kuzuia. Mfano wa watu hao ni Lloyd Binford wa Memphis, aliyeongoza bodi ya mji huo kuanzia miaka ya 1920 hadi ya 1950. Mwaka 1947 aliizuia filamu ya watoto, Curley, kwa sababu watoto Weusi na Wazungu walionekana darasa moja. Studio iliyojua kuna mtu wa namna hiyo mbele ya safari haikuhitaji kuambiwa mara mbili.

Filamu mbili zilizobaki zinathibitisha mtego wenyewe. Ouanga, iliyopigwa Jamaica katikati ya miaka ya 1930, ni hadithi ya uchawi wa Haiti. Fredi ni Klili, mwenye shamba, chotara, anayempenda jirani yake Mzungu. Mzungu huyo anamkataa na kuleta mchumba Mzungu kutoka New York, Klili anageukia uchawi, na mwisho anakufa. Kwenye filamu hiyo yupo pia mnyapara anayemtaka Klili, naye katika hadithi ni wa damu mchanganyiko kama yeye. Sehemu hiyo alipewa Sheldon Leonard, Mzungu wa New York. Yaani hata mwanamume aliyestahili kuwa wa upande wake ilibidi awe Mzungu aliyejifanya Mweusi. Ni filamu mbovu kwa kila kipimo, na Fredi anafanya kazi ndani yake kwa bidii ambayo filamu hiyo haiistahili.

One Mile from Heaven, ya 1937, ilitolewa na 20th Century-Fox na kuongozwa na Allan Dwan. Claire Trevor ni mwandishi wa habari anayegundua fundi cherehani Mweusi, Flora, anayelea mtoto wa Kizungu na kudai ni wake. Flora ni Fredi. Kuna kitu cha ajabu hapa: kwa mara ya kwanza studio inatumia sura yake kuuliza swali la maana, yaani nani ana haki ya kuitwa mama. Ila mwanamume aliye karibu naye ni Bill Robinson, polisi anayecheza dansi, mzaliwa wa 1878, mtu wa kumzidi Fredi miaka 25. Na hadithi inampokonya mtoto na kumrudisha kwa mama Mzungu aliyemzaa. Baada ya hapo, basi.

Kuna kipande kimoja kinachoonyesha mambo yangeweza kuwa vingine. Mwaka 1934, kabla ya Peola, aliigiza katika Cab Calloway's Hi-De-Ho, kifilamu cha kama dakika 10. Yeye ni mke wa mhudumu wa treni. Mumewe yuko safarini, na mwanamuziki Cab Calloway anajileta. Humo Fredi anacheka, anachokoza, anavaa gauni la kupendeza, anapendwa. Ni mwigizaji wa vichekesho mwenye wepesi ambao Hollywood ilikuwa ikiwalipa wanawake wengine fedha nyingi kuwa nao. Studio zilikuwa na ushahidi huo mezani. Hazikuutumia.

Nina Mae McKinney anatusaidia kupima hoja hii. Alizaliwa 1912 South Carolina, na akiwa bado hajafikisha miaka 20 King Vidor alimfanya nyota wa Hallelujah, filamu ya MGM ya 1929 iliyoigizwa na Weusi watupu. MGM wakampa mkataba wa miaka mitano, kisha wakamweka benchi. Hakuwa mweupe mno, hakuna aliyeweza kumdhania Mzungu. Alikuwa mrembo wa kupendwa, na hilo ndilo lililokuwa halina nafasi. Alikwenda Ulaya, na mwaka 1935 akaigiza na Robeson katika Sanders of the River, filamu ya Uingereza iliyoutukuza ukoloni kiasi kwamba Robeson mwenyewe alikuja kuikana. Miongoni mwa Waafrika wa London waliokodiwa kujaza kijiji cha filamu ile alikuwamo Jomo Kenyatta, wakati huo akiishi huko kwa masomo na siasa. Humo McKinney ni mke wa Robeson, anapendwa na anaimba, lakini yuko maelfu ya kilomita kutoka studio zilizomwajiri. Wanawake wawili, rangi mbili tofauti, ukuta mmoja.

Ukuta huo ulipoanza kupata nyufa, tazama ni nani aliyepitishwa. Mwaka 1949 Elia Kazan aliongoza Pinky, hadithi ya muuguzi Mweusi anayeonekana Mzungu na anayependwa na daktari Mzungu. Sehemu hiyo ilipewa Jeanne Crain, Mzungu, naye akateuliwa kushindania Oscar. Kanuni bado ilikuwepo, lakini busu lilipita, kwa sababu midomo yote miwili ilikuwa ya Wazungu. Bibi wa Pinky aliigizwa na Ethel Waters, ambaye miaka kumi nyuma alikuwa Broadway na Fredi katika Mamba's Daughters. Na katika sehemu ndogo ya mwanamke mgomvi wa mtaani yumo Nina Mae McKinney. Marufuku ya mapenzi ya rangi mbili iliondolewa kwenye kanuni mwaka 1956. Mwaka 1959 Douglas Sirk akaitengeneza upya Imitation of Life, na sehemu ya Peola, ikiwa na jina jipya, ikapewa Susan Kohner, binti wa mwigizaji wa Mexico na Myahudi mzaliwa wa Ulaya. Safari hii msichana ana mpenzi Mzungu, na Kohner akateuliwa kupata Oscar. Ni kweli kwamba Fredi alikuwa na umri wa miaka 45 na 55 katika miaka hiyo miwili, hangeweza kuzichukua sehemu hizo. Lakini wapo waliomfuata, Weusi wa rangi kama yake, na hawakuitwa.

Inabaki njia ambayo yeye mwenyewe aliikataa. Angeweza kubadili jina, akajiita Mfaransa au Mhispania, na kamera isingepinga. Si jambo la kufikirika tu. Merle Oberon aliteuliwa kushindania Oscar ya mwigizaji bora kwa The Dark Angel, filamu ya mwaka 1935. Alizaliwa Bombay na mama mwenye asili ya Ceylon, na dunia iliambiwa ametoka Tasmania. Uongo huo aliubeba karibu hadi kifo chake mwaka 1979. Simhukumu Oberon, bei aliyolipa ilikuwa kubwa, maisha mazima ya kuogopa picha ya familia. Ila mfano wake unaonyesha bei ya soko ilikuwa wazi na Fredi aliijua. Kwa hiyo si sawa kusema tu kwamba Hollywood ilimfukuza. Ilimtajia sharti, naye akasema hapana akiwa anajua kitakachofuata.

Alichofuata yeye ni kazi ya kuwatetea wenzake. Mwaka 1937, mwaka wa filamu yake ya mwisho, alikuwa miongoni mwa waasisi wa Negro Actors Guild, chama cha waigizaji Weusi, na akawa katibu mtendaji wake wa kwanza. Katika miaka ya 1940 aliandika kuhusu sanaa katika The People's Voice, gazeti la Harlem lililoanzishwa 1942 na Adam Clayton Powell Jr., mume wa mdogo wake Isabel. Aliandika dhidi ya sehemu za kudhalilisha walizopewa Weusi, na alishiriki kuhangaikia hoteli za kuwapokea waigizaji Weusi waliokuwa safarini. Alishauri katika kuteua waigizaji wa Carmen Jones. Jukwaani hakuacha: mwaka 1946 alikuwa katika Lysistrata ya Broadway, iliyokuwa pia mwanzo wa Sidney Poitier kwenye majukwaa hayo. Mwaka 1952 aliolewa na daktari wa meno, akahamia Stamford, Connecticut, akaishi huko hadi mwisho. Mwaka 1975 aliingizwa katika Black Filmmakers Hall of Fame.

Maktaba ya Bunge la Marekani ina orodha ya filamu zinazohifadhiwa kwa umuhimu wake katika utamaduni wa nchi. The Emperor Jones iliingizwa 1999, Imitation of Life ya 1934 ikaingizwa 2005, na Black and Tan 2015. Tatu, kutoka kwa mtu aliyefanya kazi hiyo kwa miaka minane. Anayetaka kuzitazama ningemshauri asianze na Imitation of Life, maana atamkuta Peola kabla ya kumkuta Fredi, na hilo ndilo lililowapata watazamaji wa 1934. Aanze na Hi-De-Ho, amwone akicheka. Afuatie Black and Tan. Kisha The Emperor Jones, akimtazama Undine huku akijua kwamba weusi ule umepakwa. Ndipo aingie kwenye nyumba ya Bea, ashuke zile ngazi hadi chumba cha chini, akijua tayari ni mwigizaji wa aina gani aliyesimamishwa pale mbele ya kioo bila mtu wa kuzungumza naye isipokuwa mama.